Mizunguko Kumi na Tisa

Ijumaa, saa nne kasorobo asubuhi, mama yake Inspekta alipiga simu kumshukuru mwanawe kwa maji.

"Mungu akuzidishie, binti yangu," alisema, na nyuma ya sauti yake vyombo vilikuwa vikigongana. "Tangi limejaa mpaka linamwagika. Nimefua mapazia. Nimesugua hata yale masufuria uliyosema tuyatupe."

Inspekta alikuwa amesimama kwenye ukumbi wa kituo cha polisi, faili kwapani. Hakuwa ameagiza maji. Mtaa wao ulikuwa na siku kumi na moja bila tone, na lori moja la boza sasa lilikuwa linataka karibu nusu ya mshahara wake.

"Mama, nani kayaleta?"

"Vijana wawili wa boza, wana adabu zao. Wameniambia, 'Mama, mwanao ameshamaliza kila kitu, wewe tufungulie geti tu.' Mmoja akanisalimia kwa jina la marehemu baba yako."

"Umeyanywa?"

"Swali gani hilo? Kwani maji huletwa yatazamwe? Nimekunywa chai vikombe viwili."

Inspekta hakukumbuka baadaye aliliweka wapi lile faili. Alikumbuka tu kwamba ufunguo wa gari ulikataa kuingia mahali pake mara tatu. Miaka kumi na minne ya kazi hii ilikuwa imemzoesha vitisho vya mapanga na bunduki, na hata vya wake wa watuhumiwa, ambao ni wabaya kuliko bunduki. Hakuwahi kutishwa kwa lita elfu mbili za maji.

Maana ilikuwa hivi. Jana asubuhi, mfungua koki wa mamlaka ya maji, mzee aliyeitwa Spana na mji mzima, alikutwa amekufa ndani ya shimo la chemba ya koki kule kilimani, chemba imejaa maji hadi juu na mfuniko umefunikwa. Ofisi ya maji ilisema mzee aliteleza. Jana jioni Inspekta alimwambia mkuu wake wa kituo, mlango umefungwa, wawili tu, kwamba haamini, kwa sababu mtu aliyeteleza shimoni hajifuniki. Mkuu alitikisa kichwa akasema aende polepole. Na leo asubuhi tangi la mama yake limejaa, na mleta maji anajua jina la baba yake.

Alimkuta mama anakamua pazia. Alimpokonya, akafunga koki ya tangi, akamwaga birika la chai uani huku mama akimtazama kama anayemtazama mwendawazimu.

"Ingia garini."

"Na kanga hii iliyolowa?"

"Mama, nakuomba. Ingia."

Mama aliingia, maana binti yake hakuwa na tabia ya kuomba. Njiani akasema, "Haya. Nikifa leo, mtaani hapatakuwa na maiti safi kuliko mimi." Inspekta alicheka, na machozi yakamtoka papo hapo.

Hospitalini walimlaza mama kitandani, wakampima hiki na kile. Muuguzi alichukua chupa ya maji aliyokuja nayo Inspekta, akaibandika karatasi.

"Mpaka sasa hana dalili," alisema. "Maji nayapeleka maabara. Majibu ni saa tisa, na mpaka saa tisa haondoki hapa."

"Na kama yana kitu?"

Muuguzi alimtazama yeye, si mgonjwa. "Afande, kama yana kitu, pale alipo ndipo mahali pazuri. Nenda ukafanye kazi yako."

Ilikuwa saa tano na nusu. Inspekta alimbusu mama kwenye paji la uso, jambo ambalo hakuwa amelifanya kwa muda mrefu, na mama akalitambua, akamshika mkono kwa nguvu zaidi kidogo ya ilivyohitajika.

Ndani ya gari, kabla ya kuwasha, alitoa simu akazitazama tena picha alizopiga jana kwenye ofisi ya maji. Zilikuwa picha za daftari la koki, kitabu kikubwa ambamo mfungua koki huandika kila siku kafungua ipi, kafunga ipi, na ameizungusha mara ngapi. Maji yakiwa ya mgao, daftari hilo ndilo linaloamua nani anaoga leo. Mwandiko wa Spana ulikuwa mkubwa, umelalia upande. Kila palipoandikwa koki namba nne, ile inayoshusha maji mtaa wa bondeni, aliandika *mizunguko 18 na nusu*. Mwaka mzima, kumi na nane na nusu. Jumatano peke yake palikuwa na mwandiko mwingine, mdogo, wa kusimama wima: *Koki namba 4, imefungwa, mizunguko 19, saa kumi jioni.*

Kwa hesabu ya daktari, saa kumi jioni ya Jumatano Spana alikuwa amekufa zaidi ya saa mbili. Jana Inspekta alimuuliza Meneja wa kanda wa mamlaka ya maji, naye akajibu bila kupepesa macho kwamba fundi asiporudi kujaza daftari, yeye humjazia kwa kufuata ratiba. Jibu lilikuwa na akili. Alilikubali, na mpaka sasa hakuona sababu ya kulikataa, ila zile namba mbili zilikuwa zikimwasha kama punje ya mchanga kwenye soksi.

Lakini mtuhumiwa wake hakuwa Meneja. Alikuwa mwenye maboza.

Huyo watu walimwita Kiangazi, kwa kuwa wengine wote mvua ikichelewa hukunja nyuso, yeye hununua gari. Alikuwa na maboza sita. Jumanne, mbele ya mashahidi, alikuwa ametukanana na Spana barabarani mpaka wakashikana mashati. Na lililojaza tangi la mama, kama mama mwenyewe alivyoeleza, lilikuwa boza la buluu lenye ubavu uliobonyea, nalo, Inspekta alipoingia uani kwa Kiangazi, lilikuwa limeegeshwa pale pale, vijana wakiliosha magurudumu kwa mpira wa maji.

"Nani kakutuma nyumbani kwangu?"

Kiangazi aliinuka kwenye kiti cha plastiki. Alikuwa mnene, mwenye sauti ya upole, na Inspekta alishangaa kuona kijasho chembamba juu ya mdomo wake.

"Afande, karibu kwanza. Keti."

"Mama yangu yuko hospitali. Mmetia nini kwenye maji?"

"Hospitali?" Alikaa tena, na hakuonekana kuwa amekusudia kukaa. "Wallahi sikutia kitu. Ni maji yale yale ya tangi kuu, yale yale ninayokunywa mimi. Afande, mimi ni mchukuzi tu. Ngoja."

Aliingia kibandani, akarudi na bunda la karatasi lililobanwa kwa pini. Vilikuwa vibali vya kujaza maji, kila kimoja na muhuri wa mamlaka ya maji. Cha juu kilikuwa cha leo, saa mbili asubuhi. *Huduma ya jamii. Nyumba ya Inspekta. Bila malipo.* Chini yake saini ya Meneja.

"Na hivi vingine?"

Kiangazi alitaka kuvirudisha, lakini alikuwa amechelewa. Inspekta alivipekua. Hakimu. Mwandishi wa redio. Na kila Jumatatu, kwa mwaka mzima, nyumba ya mkuu wake wa kituo.

Kelele za vijana na mpira wa maji zilikuwa kama zimehamia mbali. Alikuwa amezoea kwamba nyuma yake kuna kituo kizima, na sasa aligeuza shingo kuangalia geti, kama mtoto, kuhakikisha halijafungwa.

"Hakuna aliyewahi kulalamika," alisema Kiangazi kwa sauti ndogo. "Wewe ndiye wa kwanza kukimbia na mama yako."

"Jumatano saa saba mchana ulikuwa wapi?"

"Mikononi mwa wenzako wa barabarani. Boza halina taa ya breki. Walinikalisha tangu saa tano mpaka saa tisa, wakisubiri niwe na busara. Nikawa na busara, wakaniandikia." Alionyesha karatasi. Inspekta alipiga simu mbele yake, na askari wa barabarani akathibitisha, kwa haya kidogo, kila kitu isipokuwa hiyo busara.

Basi mtuhumiwa wake alikuwa amepotea hivi hivi. Alivuta kiti, akaketi.

"Mligombania nini na Spana?"

"Alinifuata mwenyewe. Akaniambia, 'Kesho Jumatano nawafungulia watu wa bondeni, mwezi wa pili huu hawajaona tone, na mimi ndiye ninayetukanwa. Katafute mji mwingine wa kukamua.' Nikapandwa na hasira. Afande, ndoo moja ninayouza mimi, kwa bei hiyo hiyo mwenye bomba analipa bili ya ndoo thelathini. Unadhani tofauti hiyo inatoka mawinguni? Inatoka pale koki inapofungwa. Lile tangi la kilimani halijawahi kukauka hata siku moja, ila watu wa bondeni huambiwa limekauka. Mimi siuzi maji. Nauza kukosekana kwake."

"Na anayekosesha?"

Kiangazi alitazama vijana wake, akainama mbele. "Mimi hupata ratiba wiki nzima kabla. Siku zipi bondeni watakuwa wakavu, ili niwe na magari ya kutosha. Baada ya ugomvi nilimpigia simu mwenye kunipa ratiba, nikamweleza maneno ya mzee yule. Akaniambia nisiwe na wasiwasi." Alifuta jasho. "Tangu jana sijalala. Nilidhani atamhamisha kituo cha kazi tu."

Hakulitaja jina, wala Inspekta hakumlazimisha. Vile vibali alivikunja akavitia mkobani, na Kiangazi akajifanya anatazama boza.

Saa saba kamili alikuwa kilimani. Mfungua koki aliyefanya kazi na marehemu Spana alikuwa anamngoja kando ya chemba namba nne, ameegemea ufunguo wa koki, chuma kirefu cha umbo la msalaba kinachomfika mtu kifuani. Yeye ndiye aliyeikuta maiti. Kazini walimwita Kimya, na jana katika saa nzima ya mahojiano alikuwa amelistahili kabisa jina hilo.

"Shikamoo, afande," alisema, ingawa alikuwa mkubwa kuliko Inspekta kwa umri, na ilionekana ni woga unaomsalimisha.

"Wewe ndiye wa kuitikia marahaba, kaka. Nataka kushuka."

Kimya aliinua mfuniko. Shimo lilikuwa refu kama mara mbili ya kimo cha mtu, jembamba, na ngazi ya chuma imechomelewa ukutani. Chini palikuwa na tope na bomba nene, na juu ya bomba koki yenyewe, kizee cha chuma chenye shingo iliyoota kutu, na fimbo yake ya kuzungushia imepanda hadi karibu na mdomo wa shimo, mahali ufunguo unapoingia. Inspekta alishuka. Kwenye kipandio cha nne soli ya kiatu iliteleza, akadaka kipandio cha juu. Alipofika chini akainua macho, akaona duara la mwanga, na ndani ya duara kichwa cha mtu asiyemjua vizuri, ameshika chuma kizito.

Hakuna aliyejua yuko hapa. Kituo asingekiambia tena. Kama kile kichwa kingeamua kuurudisha mfuniko, mama yake angengoja mpaka saa tisa, na baada ya saa tisa angengoja tena.

"Kimya!" aliita, na sauti ikatoka kubwa kuliko alivyotaka. "Ongea nami. Chochote."

"Niongee nini, afande?"

"Eleza kazi. Mzee alikuwa anafanyaje akifungua hii?"

Labda ni kwa sababu alikuwa haonwi uso, au kwa sababu aliombwa maneno na mtu mwenye hofu kubwa kuliko yake. Kimya aliongea.

"Anafungua mizunguko minne, kisha anasubiri robo saa. Bomba likiwa tupu lina upepo. Ukiliachia maji kwa pupa linapasuka huko chini. Kwa hiyo minne, halafu anashuka hapo ulipo, anaweka sikio juu ya bomba. Upepo ukiisha anausikia. Ndipo anapanda, anamalizia."

"Mpaka kumi na tisa?"

"Aka! Kumi na tisa ni mwisho wa uzi. Hiyo ni koki ya zamani, raba ya shingo imekwisha. Ukiifungua hadi mwisho wa uzi shingo inamwaga maji humo humo shimoni. Sisi huishia kumi na nane na nusu. Tunafunga kwa hesabu hiyo hiyo. Miaka yote."

Inspekta alipitisha kidole kwenye shingo ya koki. Kilitoka na unyevu.

"Jana ulipoikuta koki, ilikuwaje?"

Tone moja lilidondoka kutoka shingoni, kisha la pili.

"Ilikuwa wazi," alisema Kimya. "Wazi hadi mwisho wa uzi, imekazwa, afande, imekazwa na mtu wa nguvu. Maji yanafurika mpaka juu. Niliingiza ufunguo, nikaning'inia na uzito wangu wote ndipo ikalegea."

"Daftari linasema ilifungwa Jumatano jioni."

"Nimeliona."

"Na watu wa bondeni, nimepita kwao nikija huku, wanasema maji yaliwafikia Jumatano saa saba na robo, yakatoka usiku kucha. Dobi wao kaniambia alifua mashuka ya wiki tatu. Kwa nini jana hukuniambia?"

"Hukuniuliza, afande." Kisha, kwa taabu: "Na nina watoto wanne."

Inspekta aliegemea ngazi. Mtu fulani alimkuta Spana humu chini, sikio juu ya bomba, koki ikiwa wazi mizunguko minne. Mtu huyo alichukua ufunguo akaizungusha mpaka ikagoma. Kama alitaka watu wa bondeni wapate maji, kwa nini amdhuru mzee? Na kama hakutaka, kwa nini akaifungua yote?

"Kaka," aliita. "Kufunga, mnazungusha upande gani?"

"Koki zote za mji ni kulia. Hii peke yake ni kushoto. Ililetwa kabla ya nyingine. Sisi wa chuma tunajua sote, hata anayefagia stoo anajua."

Inspekta alishikilia kipandio kwa mikono miwili. Alikuwa ameelewa, na kuelewa kwenyewe kulimtisha kuliko shimo.

"Na ufunguo wa mzee? Hapa haukuonekana."

"Nimeukuta stooni, umetundikwa pahala pake. Umefutwa. Mzee hakuwahi kuufuta hata siku moja."

Alipanda ngazi haraka, na Kimya akampa mkono kumvuta. Walisimama pale juani wakitazamana, na Inspekta akamuuliza kama anaweza kuja naye ofisini kwa Meneja na ufunguo wake.

"Kusema?"

"Ikibidi."

Kimya aliwafikiria watoto wake wanne, hilo lilionekana wazi usoni. Kisha akauweka ufunguo begani.

Ofisi ya Meneja ilikuwa na kiyoyozi, ramani kubwa ya mabomba ukutani, na mezani jagi la kioo lenye maji na vipande vya barafu. Meneja alikuwa na mwaka mmoja na nusu katika kanda hii. Alikuwa kijana bado, shati jeupe, mwenye macho ya mtu asiyelala vya kutosha. Kimya alibaki karibu na mlango. Saa ya ukutani ilionyesha saa nane na dakika thelathini na tano.

"Inspekta! Mama hajambo?"

Swali ni la kawaida. Watu huliulizana mara mia kwa siku. Lakini Inspekta aliketi kabla hajakaribishwa.

"Hajambo."

"Maji yamefika? Nimesikia mtaa wenu umeteseka. Tunajitahidi kuwasaidia watu wa usalama." Alimimina maji kwenye glasi, akaisukuma mbele yake. "Karibu."

Inspekta hakuigusa. "Nisaidie jambo dogo nifunge faili. Mkuu wangu anataka tumalize leo."

Mabega ya Meneja yalishuka kidogo. "Na mimi ningependa. Mzee wa watu azikwe."

"Mimi mambo ya mabomba ni mbumbumbu. Hapa daftari linasema koki namba nne ilifungwa, mizunguko kumi na tisa. Nitaandikaje ili hakimu aelewe? Inafungwaje?"

Meneja alisimama, akaenda kwenye ramani. Alikuwa mwalimu mzuri, na alipenda kueleza. Kando ya kila koki palikuwa na maandishi madogo yaliyopigwa chapa. "Tazama. Namba nne. Mizunguko kumi na tisa, kulia." Mkono wake ukazunguka hewani, kulia, kulia. "Mpaka igome. Ikigoma, imefungwa. Haipiti hata tone."

"Na Jumatano ilifungwa hivyo."

"Ndiyo."

"Bondeni wanasema walipata maji."

"Watu wa bondeni!" Alitabasamu kwa uchovu. "Inspekta, nikwambie ukweli mmoja. Bei ya bomba haijapandishwa miaka tisa. Wanasiasa hawathubutu. Kwa bei ile siwezi kununua hata dawa ya kusafishia maji. Boza ndilo linalolipa dawa, linalolipa umeme wa pampu, linalolipa mshahara wa huyo aliyesimama mlangoni. Ukifungulia bondeni kila wanapolia, mwezi huu wataoga, mwezi ujao mji mzima utakunywa tope. Mzee alikuwa na huruma. Huruma haiendeshi pampu."

Alisema kwa uchungu wa kweli, na Inspekta alijua kwamba sehemu ya maneno yale ilikuwa sahihi. Hilo nalo lilimwogopesha.

"Kimya," alisema bila kugeuka. "Koki namba nne inafungwaje?"

Kiyoyozi kilinguruma. Kisha chuma kiligusa sakafu.

"Kushoto," alisema Kimya.

Meneja alimtazama, kisha akaitazama ramani. "Imeandikwa kulia."

"Ramani ilikosewa tangu zamani, bosi. Hukuwahi kutuuliza. Ile ukizungusha kulia, unaifungua."

"Hapana." Meneja aliweka kidole juu ya maandishi, kama mtu anayemzuia mdudu asitoroke. "Hapana, iligoma. Ilikaza kabisa. Nilifunga kwa mikono yangu hii, nilifunga ndiyo nikaondoka…"

Kidole kikatoka kwenye ramani.

"Ulipoondoka alikuwa anapumua?"

Meneja alikaa chini, si kwenye kiti chake, bali kwenye ukingo wa dirisha. "Alikuwa anapanda ngazi huku ananitukana. Nilimsukuma kwa mguu. Sikudhani ataanguka vile. Nilimwita, akakoroma. Alikuwa anakoroma, Inspekta, anapumua vizuri kabisa. Nikafunga maji ili asilowe. Nikafunika watoto wasije wakatumbukia. Nilikuwa naenda kuita watu."

"Ulimwita nani?"

Meneja aligeukia dirisha.

"Saa kumi ulikuwa umekaa hapa unajaza daftari. Ufunguo ulikuwa umeshafutwa. Ulimwita nani?"

"Nilifunga," alisema Meneja, na sasa alikuwa anamwambia Kimya, kana kwamba huyo ndiye angeweza kumwelewa. "Palikuwa pakavu."

Kimya aliinamisha kichwa. "Kama usingeigusa, bosi, asubuhi ningemtoa mzima."

Inspekta alitoa pingu. Zilimponyoka mara moja, akaziokota. Meneja alinyoosha mikono, na alipokuwa anafungwa akasema taratibu, bila hasira, "Mpigie mkuu wako kwanza. Usijiingize peke yako."

"Nitampigia nikishakufikisha kwa hakimu," alisema Inspekta, na papo hapo akakumbuka kibali chenye neno *Hakimu*. Itabidi awe hakimu wa mji mwingine. Itabidi iwe leo, kabla Jumatatu haijafika. "Kwenye tangi la mama yangu mmetia nini?"

Meneja alishtuka kwa dhati. "Maji. Kwani tungetia nini?"

Simu ililia. Ilikuwa saa tisa na dakika mbili, namba ya hospitali. Inspekta aliitazama ikiita mara moja, mbili, tatu, kidole kikikataa kushuka, mpaka Kimya akasema, "Pokea, afande."

"Majibu yametoka," ilikuwa sauti ya muuguzi. "Maji ni safi. Hayana kitu. Mgonjwa wako huyu hapa, kanipokonya simu."

"Weye mtoto," alisema mama. "Umenifunga hospitali bure, na mapazia yangu yanachachia kwenye beseni. Sasa sikia. Bomba la hapa halitoi kitu tangu jana, na dukani nje wanauza chupa kwa bei ya kilo ya nyama. Nina kiu, mwanangu. Njoo na maji."

"Nakuja, mama."

Alikata simu. Machozi yalikuwa yanamtoka na hakuyajali. Mezani pale jagi lilikuwa bado limejaa, barafu haijayeyuka yote, maji meupe ya tangi la kilimani ambayo maabara ilikuwa imeyasafisha jina dakika hii hii. Chupa yake ya kunywea ilikuwa mkobani, tupu. Alifungua kifuniko chake, akaunyoosha mkono kulishika jagi, na mkono ukaishia njiani. Akajaribu tena.

"Nisaidie kumiminia," alimwambia Kimya. "Mimi siwezi."